Gemu haikuibii: Tsubasa wako amekwisha pumzi

"Assalaam alaykum. Mimi ni mtu mzima wa miaka 43, naishi Maskati. Utotoni sikukosa hata siku moja Kapteni Majid, ile katuni ya mpira ya Captain Tsubasa kwa Kiarabu, kwenye televisheni. Mwaka huu nimejinunulia Famicom ya Kijapani, mashine ya gemu ya Nintendo, pamoja na kaseti ya Captain Tsubasa II, na ninaicheza na mwanangu wa miaka 11. Tunacheza kwa ugumu wa kawaida, vilevile ilivyotoka kiwandani, bila ujanja wowote. Ijumaa tatu sasa tunafika kwa Flamengo ya Carlos Santana na kufungwa. Tsubasa nampa mpira tangu katikati, anawapiga chenga wote, anafika golini, anapiga lile shuti lake la Drive, kipa anadaka. Kipindi cha pili hata kulipiga hataki: yanatokea maandishi ya Kijapani na hakuna kinachofanyika. Wao wakipiga moja tu, kipa wetu anapaa nalo hadi nyavuni. Mwanangu anasema mashine inaiba, anataka nipakue ile iliyorahisishwa. Pia nadhani betri ya kaseti imekufa, maana kila tukizima tunaanza tangu mechi ya kwanza. Na transfoma niliyonunua kwa ajili ya umeme wa Kijapani inanguruma na kupata moto. Nivumilie, nibadilishe, au nimsikilize mtoto?"

Waalaykum salaam, kaka yangu, na salamu kwa kijana pia.

Nianze na la nje ya uwanja, kwa sababu lenyewe halingoji. Chomoa hiyo transfoma leo. Mngurumo mdogo ni tabia ya transfoma yoyote, lakini joto la kukufanya uondoe mkono si la kawaida, na hapo mtoto amekaa pembeni. Adapta ya Famicom ilitengenezwa kwa umeme wa volti 100, ilhali ukutani kwako zinatoka 240. Transfoma nyingi hushusha hadi 110 tu kwa ajili ya vifaa vya Kimarekani, na za bei rahisi mara nyingi hazihimili mzigo ulioandikwa juu yake. Chukua mashine, adapta na transfoma, vyote vitatu, mpelekee fundi wa elektroniki apime ukiona. Huenda akakwambia uachane na transfoma kabisa utumie adapta ya umeme wa kwenu. Ikiwa hivyo, mkumbushe mambo mawili: mashine inataka volti 10 za DC, na ncha ya katikati ya plagi yake ni hasi. Adapta nyingi za siku hizi zina chanya katikati, na kuichomeka kinyume kunaweza kuiua mashine papo hapo. Hapa usibahatishe peke yako hata kama una mkono mzuri wa ufundi.

Sasa tuingie uwanjani.

Unasema mnacheza kwa ugumu wa kawaida. Kwa gemu hii ya mwaka 1990 hakuna ugumu mwingine. Ukiwasha unaanza upya au unaendelea, basi. Huulizwi kama unataka rahisi au ngumu. Waliotengeneza, kampuni ya Tecmo, waliweka mizani moja na wote tukapimwa kwayo. Nimelisoma swali lako mara mbili, kaka, na ninachokiona ni kwamba nyinyi mmekuwa mkicheza kwa ugumu uliozidi huo wa kawaida bila kujua. Sababu ni ile unayoiita betri.

Kaseti yako haijafa betri, kwa kuwa haikuwahi kuhifadhi kwa betri. Mechi ikimalizika gemu inakupa neno la siri, mstari wa herufi za Kijapani za hiragana. Unalinakili, unazima, na siku nyingine unachagua kuendelea na kuliandika upya. Ndani ya neno hilo kumo mechi uliyofikia pamoja na viwango vya wachezaji wako. Na hapa ndipo penye ufunguo wa shida yako yote: katika gemu hii hata ukifungwa wachezaji wanapata uzoefu. Unapoteza mechi, wanapanda viwango, unarudiana na timu ileile ukiwa na nguvu zaidi kuliko mara ya kwanza. Kufungwa kumewekwa humo kama sehemu ya mazoezi. Watengenezaji walijua kabisa kuwa mtu wa kawaida atafungwa na Flamengo mara ya kwanza, pengine na ya pili, na wakamwekea ngazi ya kupandia. Nyinyi kila Ijumaa mnapanda ngazi mbili tatu, halafu mnazima mashine na kuirudisha ngazi chini. Mnaukabili mlima uleule kwa miguu ileile.

Kwa hiyo kuanzia sasa, mechi ikiisha, piga picha skrini kwa simu. Usinakili kwa mkono kama nilivyofanya mimi zamani: nilipoteza safari nzima kwa sababu ya vidoti viwili. Kijapani kina herufi zinazofanana kila kitu isipokuwa alama ndogo ya juu kulia. は ni "ha", ば ni "ba", na ぱ yenye kijiduara ni "pa". Televisheni ikiwa na ukungu kidogo huzitofautishi. Ikiwa picha haisomeki na una mtu wa karibu aliyesoma Kijapani, kaa naye nusu saa akuoneshe herufi hizo kwa kidole. Nusu saa hiyo itakufaa kuliko maelezo yangu yote ya maandishi.

Hilo litapunguza nusu ya tatizo. Nusu ya pili ni namna unavyomtumia Tsubasa, na hapa niruhusu nikusahihishe kwa upendo, maana kosa lako linatokana na kuipenda ile hadithi.

Kwenye televisheni Majid alichukua mpira katikati, akakimbia kwenye uwanja usio na mwisho ambao goli lilichomoza polepole kama jua, akawapita watu wanane, akafunga. Ndugu zetu wa Congo na Burundi walioiona kwa Kifaransa kwa jina la Olive et Tom walikuwa na picha hiyohiyo kichwani, ila wao shujaa walimwita Olivier Atton. Unapoishika padi, kile kidude cha vitufe cha kuchezea, unataka kufanya vilevile. Lakini gemu hii si ya vidole. Hakuna kasi ya kubonyeza wala pembe ya kulenga. Mchezaji wako akikutana na adui, saa inasimama, menyu inatoka, na unachagua: chenga, pasi, shuti, au pasi ya kugongeana. Adui naye anachagua lake. Mashine inachukua uwezo wa wako katika jambo hilo, inachukua uwezo wa wao, inaongeza bahati kidogo kila upande, kisha inakusimulia kwa picha nani kashinda. Ni gemu ya mahesabu iliyovishwa jezi. (Tecmo hao ndio waliotoa Ninja Gaiden mwaka 1988, na ukiziangalia zote mbili utaona walivyokuwa mafundi wa kusimulia kwa picha kwenye mashine yenye uwezo mdogo namna ile.)

Na fedha ya mahesabu hayo inaitwa Guts. Ni ile namba ya mchezaji unayoiona inashuka. Mimi naiita pumzi. Kukimbia na mpira kunaikata. Kila chenga inaikata. Shuti maalumu kama Drive linaikata kwa mkupuo. Pumzi ikipungua sana, mchezaji hodari anakuwa mchezaji hafifu, na ikishuka chini ya gharama ya shuti lake, inatoka ile sentensi unayoiona kipindi cha pili: "Gattsu ga tarinai!" Maana yake, pumzi haitoshi. Wajapani waliokulia na gemu hii wanalitumia neno hilo mpaka leo kama utani wanapochoka kazini. Si hitilafu. Ni Tsubasa anakwambia kwamba umemmaliza.

Tazama basi unachofanya. Unampa mpira katikati ya uwanja. Anakimbia nusu nzima, pumzi inashuka. Anapiga chenga tatu nne, inashuka tena. Anafika akiwa nusu mtu, anapiga shuti ghali kuliko yote, na analipiga kabla ya mabeki kupungua. Kwenye gemu hii kila beki aliyesimama kati ya mpigaji na goli anapata nafasi ya kulizuia, na hata asipoliua anaweza kulipunguza nguvu. Kipa anapokea mpira uliokwisha kutulizwa na wenzake. Hajakuibia mtu hapo.

Fanya hivi badala yake. Mpira upandishe kwa pasi za wale wengine, hasa kiungo Babington, ambaye ni mwenzako wa kweli katika kikosi hiki cha São Paulo, klabu ya Tsubasa huko Brazili. Wakinyang'anywa si neno, utaupata tena. Tsubasa atembee bila mpira, pumzi yake ikiwa kamili, mpaka timu imefika karibu na kumi na nane. Hapo ndipo apewe. Afanye jambo moja tu: apige. Kama amepata mpira wa juu, unaweza kuona menyu nyingine, ya kuutuliza, kuupisha au kuupiga vilevile ulivyokuja. Huko ndiko tikitaka inakotoka, na watazamaji wa Majid tunajua raha yake.

Hesabu nyingine ambayo wengi hawaioni ni kwamba hata kipa wao ana pumzi. Kila shuti analolizuia linamgharimu. Shuti la kwanza la Drive kudakwa si hasara, ni mkopo, mradi umebakiza pumzi ya la pili na la tatu. Hata mashuti ya wachezaji wa kawaida, yale unayoona hayana maana, yanamchosha. Mimi humtuma mtu mwingine apige mawili kabla Tsubasa hajagusa mpira. Kipa akichoka utamwona anaanza kupangua badala ya kudaka, na mpira uliopanguliwa ukiangukia mtu wako jirani na goli, hapo mlinzi wa nyavu yuko chini na mlango uko wazi.

Upande wa ulinzi ndiko mnakofungwa, na huko mtoto wako anaweza kuwa hodari kuliko wewe, kwa sababu ni kazi ya kusoma mtu. Adui anapokuja na mpira unachagua kumkaba na kumnyang'anya, kukata pasi, au kuzuia shuti. Ukilenga alilokusudia, nafasi yako inakuwa kubwa. Ukikosea, anapita kama hakukuona. Jiulize kila mara: huyu ni nani, na yuko wapi? Beki wao aliye mbali na goli lako ana sababu gani ya kupiga shuti? Kata pasi. Santana akiwa karibu na kumi na nane hataki kumpa mtu mpira. Usipoteze nafasi kwa kukisia pasi. Weka miili mbele ya shuti. Hata ukigusa tu, umempunguzia kipa wako mzigo.

Na kipa wako, Renato, ni dhaifu. Hilo lisikuumize roho, liko hivyo kwa makusudi. Hadithi hizi siku zote zina kipa wa kufungwa na kipa wa kuogopwa. Huko mbele mkihamia Japani mtamkuta Morisaki, ambaye maandishi ya "Morisaki-kun amepeperushwa!" yalikuwa maarufu kuliko yeye mwenyewe, na ndipo mtakapojua thamani ya kipa hodari Wakabayashi, yule Walid wa utoto wako. Ukiwa na Renato, usimwambie adake shuti zito. Chagua apangue. Kudaka kunakupa mpira ukifaulu, lakini kunataka nguvu ambayo hana. Kupangua kunakupa nafasi zaidi ya kunusurika, ingawa mpira unabaki mchezoni. Kwa kipa hafifu, kunusurika kunatosha.

Nije kwa ombi la kijana, ambalo ni halali na silidharau. Njia ziko kadhaa. Mashabiki wamezifanyia gemu hizi tafsiri za Kiingereza, na wapo waliobadilisha namba za ndani kuzifanya rahisi au ngumu. Kuna pia kuicheza kwenye kompyuta kwa programu inayoiga Famicom, ambayo hukuruhusu kuhifadhi katikati ya mechi na kurudi nyuma ukikosea. Na ipo gemu ya kwanza, ya mwaka 1988, iliyotolewa Marekani mwaka 1992 kwa jina la Tecmo Cup Soccer Game: mfumo ni uleule, maandishi ni ya Kiingereza, lakini Tsubasa wamemfuta na kumweka kijana aitwaye Robin Field.

Iliyorahisishwa siipendekezi kwenu, na sisemi hivyo kwa kushikilia usafi wa mambo ya kale. Ukipunguza nguvu za maadui, unaua ile sababu ya kufikiri. Pumzi haitakuwa na maana tena, kipa hatahitaji kuchoshwa, Babington hatahitaji kuguswa. Mtashinda mechi zote kwa wiki mbili na mtoto ataiacha, na atakuwa na haki ya kuiacha. Kuhifadhi katikati ya mechi ni jambo jingine. Kwa mazoezi ni zuri: rudieni pambano moja mara kumi, mwone tofauti ya kupiga mbele ya mabeki watatu na kupiga mbele ya mmoja. Hatari yake ni kurudi nyuma kila bahati ikikukataa, mpaka unakuwa unachagua bahati badala ya kuchagua mchezo. Robin Field anamfaa mtu ambaye Kijapani kinamkatisha tamaa kabisa. Kwako wewe uliyelelewa na Majid, uso usio wa Majid utakupa huzuni, najua, nilijaribu.

Kijapani chenyewe hakiko mbali nanyi kama mnavyofikiri. Menyu imejaa maneno waliyoyaazima kwa Waingereza kama tulivyoyaazima sisi, nao, kama sisi, mara nyingi huliongezea neno irabu ya mwisho. Wanasema "pasu", sisi pasi. Wanasema "shuuto", sisi shuti. "Gooru" ni goli, na "kiipaa" huhitaji kutafsiriwa. Mtoto wa miaka 11 anayejua Kiswahili akioneshwa herufi kumi na tano za katakana, zile za Kijapani za kuandikia maneno ya kuazima, atazisoma menyu hizo ndani ya siku chache, na atajisikia mtu mkubwa.

Jambo moja la kumwambia anaposema mashine inaiba. Bahati ipo humo kweli. Utafanya kila kitu sawasawa na shuti litagonga mwamba. Hilo si wizi, lakini maumivu yake ni ya kweli, na hadithi yenyewe imejengwa juu ya maumivu hayo. Mchora katuni wake, Yoichi Takahashi, alianza kuichora mwaka 1981, wakati Japani haikuwa hata na ligi ya kulipwa, na alipoimaliza awamu ya kwanza mwaka 1988 Tsubasa alikuwa ndiyo kwanza anaelekea Brazili. Gemu yenu ya 1990 ndiyo iliyomvalisha jezi ya São Paulo kabla ya mwandishi kurudi kuichora safari hiyo miaka minne baadaye. Mnacheza kipande cha hadithi ambacho watoto wa wakati ule hawakuwa na pengine pa kukipata.

Kwa Ijumaa ijayo, ikiwa fundi ameshamaliza: msikimbilie ushindi. Gemu ni ya mchezaji mmoja, kwa hiyo gawaneni padi. Wewe shika mkiwa na mpira, yeye ashike mkiwa hamna, na asikusaidie wala usimsaidie. Mechi ya kwanza na Flamengo ichezeni mkijua mtafungwa. Angalieni tu pumzi ya Tsubasa imebaki ngapi kila anapofika kwenye kumi na nane. Piga picha neno la siri. Rudianeni. Sidhani kama mtahitaji mechi ya nne, lakini mkiihitaji na viwango vikiwa vinapanda, endeleeni. Viwango visipopanda, tazama tena herufi za neno la siri, hasa vile vidoti viwili.